Burundi: Machungu ya 1972 yamebaki mashambani

Zaidi ya miaka 50 imepita tangu mauaji ya 1972, lakini katika maeneo ya Rumonge na Nyanza-Lac, kando ya Ziwa Tanganyika, mwaka huo hutajwa kila majirani wanapogombania shamba la michikichi.

Huko ndiko uasi ulikozuka Aprili 29, 1972, Watutsi wengi wakauawa. Jeshi na vijana wa chama tawala wakajibu kwa kuwasaka Wahutu, hasa waliosoma: walimu, makarani, wanafunzi. Waliouawa wanakadiriwa kuwa kati ya 100,000 na 300,000. Warundi huita kipindi hicho Ikiza, yaani balaa. Wafu waliitwa abamenja, wasaliti, na familia hazikuthubutu kuwaomboleza hadharani.

Mapema 2020, Tume ya Ukweli na Maridhiano ilifukua mabaki ya watu zaidi ya 6,000 huko Karusi, karibu na mto Ruvubu. Nguo, miwani na rozari zilisaidia kuwatambua baadhi yao. Ni kazi iliyochelewa mno. Wakosoaji, hata hivyo, wanailaumu tume kwa kuzama katika 1972, huku familia za Watutsi waliouawa 1993, baada ya Rais Melchior Ndadaye kuuawa, zikijiona zimewekwa kando.

Lakini mifupa haina mpangaji. Shamba linaye.

Maelfu walikimbilia Tanzania, wakaishi Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Zaidi ya 160,000 walipewa uraia huko. Wengine, wapatao 50,000, walirejea kuanzia 2008 na kukuta mashamba yao yana watu, wengi wao wakiwa wamepewa na serikali yenyewe. Sheria ya ardhi ya 1986 ilimlinda aliyekaa miaka 30. Ukihesabu kutoka 1972 unafika 2002, wakati vita vikiwa bado vimewafungia wakimbizi njia ya kurudi!

Tume ya ardhi kwanza ilihimiza kugawana. Kuanzia 2011 ikaelekea kumrudishia mwenye asili shamba lote. Hapo waliokutwa, abasangwa, nao wakawa wanafukuzwa mahali walipozalia watoto na kuzika wazazi. Wao pia hawasemi uongo wakidai ni kwao.

Mkataba wa Arusha wa 2000 uliahidi fidia ya haki pale ambapo mwenye haki hawezi kurudishiwa mali yake. Anayeambiwa aondoke leo huuliza kwanza fidia yake iko wapi.