Tusome Peponi, Kisha Tuwaulize Wazee

Tangu mwaka 2022 riwaya ya Peponi inasomeka kwa Kiswahili. Abdulrazak Gurnah, mzaliwa wa Zanzibar, aliitoa kwa Kiingereza mwaka 1994, na mwaka 2021 akatunukiwa Nobel ya Fasihi. Ida Hadjivayanis ndiye aliyeitafsiri, na Mkuki na Nyota wa Dar es Salaam wakaichapisha. Wito wetu ni huu: tuisome, na tukishaimaliza tusiishie hapo.

Habari zake ni za enzi ya Mjerumani, kabla tu ya Vita Kuu ya Kwanza. Yusuf ni mtoto wa mwenye hoteli katika mji mdogo wa Kawa. Baba ameelemewa na deni, anamtoa mwanawe rehani kwa tajiri Aziz, ambaye mtoto alimdhani jamaa yao. Huko pwani anapokewa na Khalil, kijana aliyemtangulia katika rehani ileile. Mchana wanauza dukani, usiku wanalala barazani, na Khalil, kwa kejeli zake zote, anakuwa kaka. Yumo pia Amina, aliyetekwa utotoni, akaokolewa na baba yake Khalil na kulelewa kama bintiye, kabla naye hajaingizwa katika hesabu ya deni. Uzito wa riwaya uko hapo. Nyumba iliyompa mtoto chakula ndiyo hiyohiyo iliyomnyima uhuru, na udugu wa kweli ukaota miongoni mwa wale ambao hawakuchagua kuwa pamoja.

Mambo haya hayakutungwa hewani. Vita vya Maji Maji, mwaka 1905 hadi 1907, vilifuatwa na njaa kali kusini mwa Tanganyika, baada ya majeshi ya Wajerumani kuchoma mashamba na maghala. Mwaka 1914 ikaja vita nyingine, na wanaume wengi wakachukuliwa kubeba mizigo ya majeshi. Jina la Kariakoo, lililotokana na “Carrier Corps”, yaani kikosi cha wapagazi, linatukumbusha hilo hadi leo. Vijijini walibaki watoto wasio na wa kuwatazama. Wapo waliopokewa na majirani wakawa wana wa nyumba, na wapo waliogeuzwa watumishi. Serikali iliandika kodi na wapagazi. Mama aliyemwongeza mtoto wa watu kwenye sinia lake, nani alimwandika?

Ndiyo maana tunaomba mambo matatu.

Kwanza, tuisome riwaya hii kwa sauti, nyumbani na katika vikundi vya usomaji. Walimu wa Kiswahili wa sekondari, hata kama kitabu hakimo katika orodha ya mtihani, sura moja ya jioni haitaharibu ratiba.

Pili, kila aliye na mzee aketi naye. Msimwulize habari za wafalme na magavana. Mwulizeni: nani alikulea? Bibi huyu tunayemwita bibi, alifikaje kwenye ukoo wetu? Nani alifika kijijini peke yake, na nani alimfungulia mlango? Mzee akinyamaza, mwacheni. Mengine yana uchungu. Akikubali, andikeni kwa lahaja yake, na mumsomee aliyoyasema kabla hayajaenda kwa mwingine.

Tatu, wakutubi na viongozi wa vijiji, wekeni rafu moja ya madaftari hayo, hata kama ni kurasa kumi zilizoandikwa kwa mkono. Mwanafunzi wa kesho atakayetaka kuandika riwaya ya Songea, Kilwa au Tabora atahitaji pa kuanzia.

Usipofanya hivyo sasa, watakaozikwa si wazee peke yao, bali pia majina ya waliowalea. Anza Jumapili hii, na uanze na mkubwa kuliko wote nyumbani kwenu.