Oakland wameachwa kwenye mataa, halafu lawama wamebebeshwa wao

Timu ya besiboli ya Athletics ilizaliwa Philadelphia 1901, ikahamia Kansas City 1955, kisha Oakland 1968. Hapo Oakland ndipo ilipobeba makombe manne ya World Series: 1972, 1973, 1974 na 1989.

Halafu bosi akataka Las Vegas. Kisingizio? Eti mashabiki hawaji uwanjani. Waje vipi? Mastaa wameuzwa, uwanja umechakaa, tiketi zimepanda!

Juni 2023 walijaa zaidi ya 27,000 wakiimba “Uza timu!” Septemba 2024, mechi ya mwisho nyumbani, karibu 47,000. Watu walikuwepo aisee, kilichokosekana ni heshima.

Sasa timu imepanga Sacramento, inasubiri uwanja mpya Vegas. Eti mwenye timu nani: mwenye hela au aliyelia jukwaani? Tiririka hapo chini.