Usilisingizie Gurudumu la Bahati

Mtu akifilisika, majirani huguna wakasema, "Ndiyo dunia." Mkubwa akivuliwa madaraka, vijiweni hutajwa ile methali ya aliye juu mngoje chini. Na kijana aliyemaliza shule akakaa bila shughuli, ukimuuliza anangoja nini, atakujibu kwamba anangoja zamu yake, kwani dunia duara. Maneno hayo yana hekima, wala sikukusudia kuyapinga yote. Lakini ipo namna ya kuyasema ambayo imekuwa ugonjwa, na ugonjwa wenyewe si wetu peke yetu wala si wa leo. Watu wa Ulaya ya kale waliuchorea picha, wakaiita gurudumu la Fortuna. Tuitazame picha hiyo, ndugu msomaji, tujue inafundisha nini na inaficha nini.

Fortuna alikuwa mungu wa kike wa Warumi, mgawaji wa neema na mikosi. Huko Praeneste, mashariki ya Rumi, alijengewa hekalu kubwa lililopanda mlima daraja kwa daraja, na watu walikwenda huko kupiga kura wajue yatakayowafika. Ukristo ulipoenea, hekalu lilikufa, gurudumu likabaki. Lilichongwa kwenye ukuta wa kanisa la Mtakatifu Zeno mjini Verona na wa kanisa kuu la Basel. Likapakwa rangi ndani ya kanisa kuu la Rochester, Uingereza. Katika hati ya nyimbo iitwayo Carmina Burana, iliyoandikwa karne ya 13 na kuhifadhiwa Munich, Fortuna amekaa katikati ya gurudumu na watu wanne wamelizunguka. Wa kwanza anapanda, akijinadi kwamba atatawala. Wa pili yuko juu na taji lake, anatawala. Wa tatu anaporomoka, na lake ni kukumbuka kwamba alitawala. Wa nne amelala chini kabisa, ufalme hana.

Walioichora picha hiyo walikusudia kuonya. Mfalme aliyeingia kanisani na walinzi wake aliliona gurudumu ukutani, akakumbushwa kwamba mpanda ngazi hushuka. Hiyo ndiyo faida yake, na ni faida kubwa. Lakini mtu akiishia hapo, huambulia nusu ya funzo. Katika hadithi za Chaucer, mshairi wa Kiingereza wa karne ya 14, yumo mtawa anayesimulia maanguko ya wakubwa, mmoja baada ya mwingine, na mara nyingi wa kulaumiwa ni Fortuna. Hatimaye shujaa mmoja miongoni mwa wasikilizaji anamkatiza, na mwenye nyumba ya wageni anakiri kwamba simulizi hizo zimemchosha. Wasikilizaji wale walikuwa na haki. Anguko lisilotajiwa sababu humtia mtu simanzi, halimpi akili.

Sasa tumtazame mtu aliyelifanya gurudumu hilo lijulikane Ulaya nzima. Boethius alizaliwa karibu na mwaka 480 katika ukoo wa vigogo wa Rumi. Mwaka 510 alipewa ukonsuli, cheo cha juu cha Kirumi. Mwaka 522 wanawe wawili walipewa cheo hicho kwa pamoja, heshima iliyokuwa adimu, na yeye mwenyewe akawa ofisa mkuu katika serikali ya Theodoric, mfalme wa Wagothi aliyetawala Italia kutoka Ravenna. Haukupita muda akashtakiwa kwa uhaini, akafungwa Pavia, na karibu na mwaka 524 akauawa. Akiwa kifungoni aliandika kitabu kuhusu faraja ya falsafa. Humo Fortuna anapewa nafasi ya kujitetea: mali na vyeo ni vyake, huviazima na kuvitwaa apendavyo, na mchezo wake ni kulizungusha gurudumu, akiwapandisha walio chini na kuwashusha walio juu.

Waliokuja baadaye waliyashika maneno hayo kama kwamba ndiyo kitabu kizima. Sivyo. Kitabu kina sehemu tano, na hotuba ya Fortuna imo katika ya pili. Katika ya kwanza Boethius anawataja kwa majina watu waliomsingizia. Katika ya tano anajadili kwa kirefu kama Mungu kuyajua yote kunamwondolea binadamu hiari yake, na jawabu lake ni kwamba hiari ipo. Kwa hiyo kuomba si bure, na kutenda mema ni wajibu. Mfungwa anayengoja kifo alijua vyema kwamba hakuangushwa na bibi mwenye gurudumu. Aliangushwa na wazushi, na mfalme aliyewasikiliza. Ikiwa yeye hakuwaficha watesi wake nyuma ya gurudumu, sisi tunawaficha wa kwetu kwa sababu gani?

Tazama na wengine. Herodotus, mwanahistoria wa Wayunani, anasimulia habari za Croesus, mfalme wa Lidia ambaye jina lake mpaka leo ni mfano wa utajiri. Alimwonyesha Solon wa Athens hazina zake, akitaraji kusifiwa kuwa ndiye mwenye heri kupita wote. Solon akamjibu kwamba mtu asihesabiwe mwenye heri kabla mwisho wake haujaonekana. Baadaye ufalme ule ulianguka mikononi mwa Koreshi wa Uajemi, karibu na mwaka 546 KK, na Herodotus anamwonyesha Croesus akimwasa mshindi wake kwamba mambo ya wanadamu yamo katika gurudumu. Maneno mazuri, lakini ni nani aliyeanzisha vita ile? Ni Croesus mwenyewe. Aliambiwa na kahini kwamba akiwashambulia Waajemi ataangusha dola kubwa. Hakujisumbua kuuliza ni dola ya nani. Akavuka mto, akaiangusha ya kwake.

Shakespeare naye alilijua jambo hili. Katika tamthilia ya King Lear, Edmund anapokaribia kukata roho anasema gurudumu limetimiza mzunguko wake. Lakini huyo huyo, mwanzoni mwa mchezo, anawacheka watu wanaozisingizia nyota maovu waliyoyatenda wenyewe. Alimsaliti ndugu yake, akamsaliti baba yake, kila hatua kwa hiari. Na Lear, mzee yule aliyeishia kuzurura kwenye dhoruba, ufalme wake aliugawa kwa kinywa chake, akiwapa waliomsifu na kumfukuza binti aliyemwambia kweli.

Wenye akili pevu wamelipekua gurudumu wakitafuta sababu. Ibn Khaldun, mwanahistoria mzaliwa wa Tunis, katika Muqaddima yake ya mwaka 1377 aliona kwamba kwa kawaida dola haivuki vizazi vitatu, kila kimoja cha miaka kama 40. Hakuishia kuguna. Alieleza kwamba kizazi cha kwanza kimezoea shida na kimeshikamana. Cha pili kinaonja anasa. Cha tatu kinazaliwa ndani ya anasa, mshikamano umekufa, na wa kukilinda ni watu wa kukodiwa. Hapo pana jambo la kujifunza, kwa sababu mshikamano unaweza kutunzwa na anasa inaweza kuzuiwa.

Na katika fasihi yetu, nani asiyeujua utenzi wa Al-Inkishafi? Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir aliyaona magofu ya Pate, mji uliokuwa umetajirika kwa biashara ya Bahari ya Hindi, na majumba yake ya fahari yamekwisha kuwa makao ya popo na ndege. Angeweza kulaumu bahati. Badala yake aliugeukia moyo wake mwenyewe, akausuta na kuuonya uache kuhadaika na dunia. Historia nayo inatuambia Pate ilijichosha kwa kugombea kiti na kupigana na jirani zake, hata majeshi yake yakavunjwa na watu wa Lamu pale Shela mwanzoni mwa karne ya 19.

Najua atasimama mtu aseme: jitihada haiondoi kudura. Kweli, haiondoi. Mvua hukataa shamba la mchapakazi, na maradhi hayabagui. Lakini methali hiyo imemtaja mtu ambaye jitihada amekwisha kuifanya, haikumtaja aliyelala. Machiavelli, mwandishi wa Kiitalia aliyepoteza kazi yake Firenze mwaka 1512, akafungwa na kuteswa, alikuwa na kila sababu ya kusema bahati ndiyo kila kitu. Aliandika kwamba huenda inatawala nusu ya mambo yetu, na nusu nyingine, au pungufu kidogo, imeachwa mikononi mwetu. Aliifananisha na mto unaofurika: mafuriko huyazuii, ila kingo hujengwa wakati maji yametulia.

Nusu hiyo tuliyoachiwa ndiyo tunayoitupa, hasa siku hizi ambapo gurudumu limepata wenyewe. Wako wanaoliendesha kwa faida. Chukua ruleti ya kasino, lile gurudumu la namba 37, kuanzia sifuri hadi 36. Ukiweka shilingi 1,000 kwenye namba moja na ikatokea, unalipwa faida ya 35,000. Malipo ya haki yangekuwa 36,000. Tofauti hiyo ndogo ndiyo mshahara wa mwenye mchezo: kwa wastani, katika kila 1,000 inayochezwa, shilingi 27 hubaki kwake, usiku na mchana, bila yeye kutegemea bahati hata chembe. Mashine za dubwi na mikeka ya kubashiri mpira vimepigiwa hesabu ya namna hiyo hiyo. Kijana anaikodolea macho mechi ya Uingereza akisema leo nyota yake itang'aa. Mwenye kampuni hatazami nyota, anatazama hesabu zake. Huyo wa kwanza anaamini gurudumu. Wa pili anajua linavyoundwa.

Basi nasaha zangu ni tatu. Wewe uliye juu, usitulie kwa kuwa leo umekaa kwenye kilele. Watendee haki walio chini yako ungali na uwezo, kwa maana siku ya kushuka hutaulizwa ulikaa juu muda gani, utaulizwa ulifanya nini. Wewe uliye chini, usingoje zamu. Zamu haigawiwi kwa foleni. Ukiona vyaelea vimeundwa, nawe shika chombo chako uunde, kwa ufundi, kwa kilimo, kwa elimu, kwa kushikamana na wenzako. Na fedha ya mkeka ipeleke kwenye kikundi cha akiba. Nawe unayetazama, mwenzio anapoanguka usikimbilie kusema ndiyo dunia. Uliza kwanza: nani kamsukuma? Ikiwa amedhulumiwa, dhuluma ina mtendaji, na mtendaji ana jina. Ikiwa amejisukuma mwenyewe, mwambie kweli kwa upole, kisha umpe mkono ainuke. Bahati tumwachie Mungu. Kazi na haki ni juu yetu, wala hatutapata wa kumsingizia tukiziacha.