Watoto wetu na nyimbo za Idengo



Wiki hii ninaandika juu ya Delcat Idengo, kwa sababu watoto wanaimba nyimbo zake hata wakienda kuchota maji, na wamama wawili wameniuliza kama wawakataze.

Jina lake kamili lilikuwa Delphin Katembo Vinywasiki, kijana wa huku kwetu upande wa Beni. Aliimba juu ya mauaji yetu, na aliwashitaki waziwazi MONUSCO na wakubwa wa serikali. Mama yeyote wa Mbau anayeogopa kwenda kuvuna kakao yake anajua kwa nini vijana walimsikiliza.

Mwaka 2021, jimbo likiwa chini ya utawala wa kijeshi, alikamatwa, na mahakama ya kijeshi ya Beni ikamhukumu kifungo. Raia, mbele ya waamuzi wa jeshi, juu ya nyimbo! Alipotoka hakuacha. Mwezi wa kumi 2024 akakamatwa tena, safari hii Goma. M23 walipoingia mjini mwishoni mwa mwezi wa kwanza 2025, wafungwa wa Munzenze walitoroka, naye akatoka pamoja nao. Angeweza kunyamaza. Tarehe 13 mwezi wa pili alipigwa risasi akafa, palepale Goma, akiwa anarekodi video ya wimbo. Mji ulikuwa mikononi mwa M23.

Mimi sikupenda maneno yake yote. Mengine nisingeyaruhusu darasani. Lakini mtu aliyefungwa na serikali, kisha akauawa katika mji wa waasi akiwa bado anaimba, hatuwezi kusema alikodiwa na upande fulani.

Ethiopia walikuwa na mwenzake, Hachalu Hundessa, wa kabila la Oromo. Alifungwa mwaka 2003 akiwa na miaka 17, akakaa gerezani miaka mitano, akatunga nyimbo mulemule. Albamu yake ya kwanza ilitoka 2009. Waoromo walipoandamana miaka mingi, mpaka waziri mkuu akajiuzulu 2018, nyimbo zake ndizo walizotembea nazo. Tarehe 29 mwezi wa sita 2020 aliuawa kwa risasi Addis Ababa. Serikali ikazima intaneti karibu wiki tatu. Watu zaidi ya mia moja walikufa katika siku zilizofuata: wengine kwa risasi za askari, wengine waliuawa na vijana wenye hasira, kwa kosa la kuwa wa kabila lingine tu. Watu hao hawakumgusa Hachalu.

Hilo ndilo linaniogopesha mimi, kuliko wimbo wenyewe. Kwa hiyo, wamama, msiwakataze. Mtoto akikatazwa ataimba nyuma ya nyumba, na hamtajua anaimba nini. Kaeni naye jioni, mumwambie aseme maneno polepole, kisha mumuulize: huyu anamshitaki nani? Anamshitaki juu ya kitendo alichofanya, au juu ya kabila alilozaliwa?

Darasani kwangu tulifanya hivyo kwa nyimbo mbili za vijana wa mitaani. Wa kwanza ulimlaumu mkubwa fulani kwa ahadi zake, tuliubakiza. Wa pili ulitukana kabila zima. Msichana mmoja akanyoosha mkono, akasema, "Mwalimu, mama yangu ni wa kabila hilo." Wenzake wakaniomba niufute ubaoni.