Mzimu si Mzuka: Kuhusu Matembezi ya Usiku ya Kasese



Imetufikia orodha ya maneno iliyotayarishwa na baadhi ya wenzetu kwa ajili ya vijana wanaotembeza wageni katika wilaya ya Kasese. Nia yake ni njema, na kwa jumla hatuna ugomvi nayo. Kurasa za ndege, za milima na za vyakula zinafaa sana, na aliyeziandika anastahili shukrani. Lakini ukurasa wa nne una kichwa kisemacho "Matembezi ya Mizimu", na chini yake zimepangwa sentensi za kukaririwa: kwamba usiku mizimu huamka, kwamba mizimu ya wachimbaji hugonga mawe, kwamba mgeni asiogope kwa kuwa mizimu haimdhuru aliyekwisha kulipa. Sentensi ya mwisho bila shaka iliandikwa kwa mzaha. Sisi hatukuweza kucheka, na twaomba nafasi katika kurasa hizi tueleze kwa nini.

Kabla ya kunena lolote tulikata shauri kwenda kujionea wenyewe, maana si haki kuhukumu jambo kwa kulisoma tu. Tulikuwa walimu wanne. Tulijiunga na kikundi cha wageni, wawili wa kutoka Nairobi, mmoja wa Mwanza na Wazungu watatu, tukaongozwa na kijana mwenye tochi na sauti nzuri. Kiswahili chake kilikuwa fasaha kuliko tulivyotarajia. Kasese jua halizami kwa taratibu. Hujificha nyuma ya Rwenzori mapema, na bonde likabaki na joto lake bila mwanga. Kijana alianzia karibu na stesheni ya zamani, akatuambia kwamba usiku wa manane gari moshi bado hupiga king'ora. Kisha tukapanda gari hadi Kilembe, tukashuka, tukafuata mto Nyamwamba kwa miguu katikati ya mawe makubwa, hata tukafika penye mlango wa mgodi uliofungwa. Hapo akazima tochi. Akasema kwa kunong'ona kwamba mle ndani wamo watu walioangukiwa na mwamba, na kwamba anayetega sikio huwasikia wakigonga.

Mmoja wetu alimwuliza ni watu wangapi, na ni mwaka gani. Hakujua. Walitoka wapi? Hakujua. Akacheka kwa adabu, akasema, "Mwalimu wangu, hayo hayamo katika matembezi."

Jibu hilo ndilo lililotusukuma kuandika. Maana yaliyokosekana katika matembezi yale si machache. Gari moshi lile lilifika Kasese mwaka 1956, kwa sababu ya shaba ya Kilembe. Shaba hiyo ilisafirishwa mwendo wote huo hadi Jinja, ikayeyushwa kwa umeme wa bwawa la Maporomoko ya Owen lililofunguliwa mwaka 1954. Fedha na amri za mgodi zilikuwa mikononi mwa kampuni ya Falconbridge ya Kanada, na mji mzima wa Kilembe, nyumba zake, shule na hospitali, ulijengwa kwa ajili ya kazi hiyo moja. Uchimbaji ulikufa mwanzoni mwa miaka ya 1980, na magari ya abiria nayo yakakoma katika miaka ya 1990. Na yale mawe tuliyoyakwepa gizani, ambayo kijana alisema yaliviringishwa na mizimu, yaliletwa na mto. Nyamwamba ulifurika Mei 2013, ukafurika tena Mei 2014, na Mei 2020 uliivamia hospitali ya Kilembe hata wagonjwa wakahamishwa. Kuna watu hai katika bonde lile waliopoteza nyumba zao katika mafuriko hayo, na tulipita mbele ya madirisha yao tukitetemeshwa kwa hadithi.

Katika moja ya nyumba hizo taa ilikuwa ikiwaka. Asubuhi yake tulirudi bila kijana wala tochi, tukabisha hodi. Alitupokea mzee aliyefanya kazi chini ya ardhi tangu ujana wake hata mgodi ulipofungwa. Alisema nasi Kiswahili cha mgodini, kikavu, chenye amri nyingi na maneno machache ya heshima, ambacho wenzetu wa mjini hukiita kibovu. Sisi hatukukiona kibovu. Watu waliotoka pande zote za Uganda na ng'ambo ya mpaka walifanya kazi pamoja kwa lugha hiyo katika giza, ambako kutoelewa neno moja kungeweza kuwa kifo. Tulipomsimulia juu ya wagongaji wa mlangoni, alinyamaza kitambo. Kisha akasema: "Huyo mnayelipa hela kumsikia, wanangu, mimi nilikula naye ugali." Akatutajia majina sita, na kila jina akalitajia kwao. Majina hayo hatuyaandiki hapa, kwa kuwa jamaa zao hatujawaomba ruhusa.

Sasa tuje kwenye neno lenyewe, maana sisi ni walimu wa lugha na hapo ndipo wajibu wetu ulipo. Mwenye kuitunga orodha alikuwa na neno moja la Kiingereza mkononi, akatafuta la Kiswahili la kulifunika, akaokota *mzimu*. Amekosea. Kitu kinachomtokea mtu ghafla njiani usiku, kisichojulikana kwao wala jina lake, tunacho neno lake: ni *mzuka*, kwa kuwa kimezuka. Tunalo zimwi la hadithi za bibi zetu, tunalo jini, tunalo pepo. Lugha yetu haikosi vitishio. Lakini mzimu si kitisho. Mzimu ni mfu mwenye watu wake, anayekumbukwa na kutambikiwa; na pwani mzimu ni mahali penyewe pa tambiko, penye pango au mbuyu, panapofukizwa ubani na kupelekwa chakula. Waganda wanalo neno hilohilo, *omuzimu*, na lugha nyingi jirani zina ndugu yake, jambo linaloonyesha kwamba ni mali ya Wabantu tangu kale, wala si la kuazima. Ajabu ni kwamba katika ngeli za Kiswahili mzimu haukukaa pamoja na mtu na mgeni. Umekaa na mti, na mto, na mlima, vitu vinavyodumu mahali pamoja vizazi vikipita. Hatudai kwamba sarufi ni itikadi. Twasema tu kwamba mwanafunzi akiuliza kwa nini, inafaa mwalimu awe na la kumwambia.

Wenzetu wengi wamefundisha *Mzimu wa Watu wa Kale*, riwaya ya Muhammed Said Abdulla iliyotoka mwaka 1960. Mzimu wa kitabu kile ni mahali, na hapo ndipo maiti inapoonekana. Wengine wako tayari kuusukumia mzimu lawama. Bwana Msa hakubali; huuliza, huchunguza, na majibu yake huyapata katika nasaba za watu, nani alizaliwa na nani. Zaidi ya miaka 60 imepita tangu tufundishwe na Bwana Msa kuuliza hivyo, nasi leo twatunga orodha ya kuwafundisha vijana wasiulize.

Itasemwa kwamba twakuza jambo dogo. Itasemwa kwamba matembezi ya namna hii yapo duniani kote: mji wa York, Uingereza, unayafanya tangu miaka ya 1970, na miji ya kale ya jangwani kama Santa Fe huko Marekani huwazungusha wageni jioni katika vichochoro kwa hadithi za wafu, wala hakuna anayelalamika. Huenda. Wafu wengi wa vichochoro vile ni wa karne zilizopita, na walio hai wamekwisha kuwasahau. Lakini Kasese si York. Mjini Kasese, tarehe 26 na 27 Novemba 2016, askari wa serikali walishambulia jumba la Omusinga wa Rwenzururu na watu zaidi ya 100 wakafa. Mama zao wangali sokoni wakiuza. Matembezi ya usiku katika mji huo hayawezi kwenda hatua nyingi bila kukanyaga msiba wa mtu.

Na hapa hatuna budi kueleza jambo lililotokea siku ya pili, ambalo lilitufunza kuliko orodha zote.

Kijana wetu ni mwenyeji wa Bwera. Tulimwomba atufikishe huko, naye akakubali kwa furaha. Alitutembeza sokoni Mpondwe, akatuonyesha daraja la mpakani na malori yanayongoja kuvuka kwenda Kasindi, akatueleza jinsi Wakonzo wa upande huu na Wanande wa upande wa Kongo walivyo watu wa damu moja, na jinsi Kiswahili cha Kongo kinavyoingia asubuhi pamoja na wachuuzi na kutoka jioni. Hapo alijua yote: nani, lini, kwa nini. Mchana ule alikuwa mwalimu bora kuliko sisi. Jioni ilipoingia, mmoja wa wageni wa Nairobi, bila ubaya wowote, alimwuliza kama huku nako kuna matembezi ya mizimu, maana alikuwa amesikia habari za shule.

Kila msomaji wetu anajua ni shule gani. Usiku wa tarehe 16 Juni 2023 waasi wa ADF waliingia katika shule ya sekondari ya Mpondwe Lhubiriha, wakachoma bweni moto, wakaua kwa mapanga na risasi. Watu 42 walikufa, na 37 kati yao walikuwa wanafunzi. Wengine walitekwa nyara.

Kijana hakujibu. Aliwasha tochi ijapokuwa bado palikuwa na mwanga, akaizima, akasema kwamba usiku huwa hapiti njia ile. Mgeni aliomba radhi. Tulirudi Kasese garini kwa ukimya.

Basi kijana yule anaijua tofauti kati ya mzimu na mzuka, tena anaijua vizuri kuliko aliyemtungia orodha. Hakuna aliyemfundisha, Wakonzo wana adabu kubwa katika habari za wafu na za mlima wao, na wazee wao hawalitaji jina la Kitasamba, mwenye kukaa thelujini, kwa mzaha. Kwa nini basi aliwauza wachimbaji wa Kilembe? Tumelitafakari swali hili, na jibu letu ni chungu. Aliwauza kwa sababu si wa kwao. Wengi wa wachimbaji walitoka mbali, wakafa mbali, na hakuna shangazi yao sokoni wa kumkaripia msimulizi. Mfu aliyekosa jamaa wa karibu ndiye anayegeuzwa mzuka. Na sisi walimu, kwa ukurasa wetu wa nne, tumempa kijana ruhusa ya kisomi ya kufanya hivyo.

Wenzetu watasema tena kwamba vijana wa Kasese wanahitaji riziki, na kwamba Kiswahili kinahitaji soko. La kwanza ni kweli tupu, wala hatumlaumu kijana aliyejitafutia kula. La pili twalipokea kwa tahadhari. Katika Uganda Kiswahili kimebebeshwa mizigo mingi: kilitangazwa lugha ya taifa mwaka 1973 kwa amri ya Idi Amin, kikachukiwa kwa ajili yake, kikaitwa lugha ya kambi na ya majambazi. Mwaka 2005 katiba ilikifanya lugha rasmi ya pili, na mwaka 2022 baraza la mawaziri liliamua kifundishwe shuleni kwa lazima. Baada ya safari hiyo yote, kazi tunayokitafutia iwe ni kunong'ona mlangoni pa mgodi? Hatupingi hadithi za kutisha. Tulilelewa nazo, na mtoto asiyewahi kuliogopa zimwi amekosa kitu. Wala hatupingi matembezi ya jioni, maana Kasese mchana haitembeleki kwa jua. Twapinga kumchukua mtu aliyekuwa na jina, mshahara, deni na mke, kumvua vyote hivyo, na kumwacha na kugonga tu.

Tumempelekea kijana barua kwa simu, tukimwuliza kama angependa kumsikiliza mzee wa Kilembe na kumlipa sehemu ya ada kwa kila kundi. Amejibu kwamba wageni watachoka na miaka na majina. Huenda akasema kweli; tumemwomba ajaribu kwa mwezi mmoja. Orodha itajadiliwa katika mkutano ujao wa chama. Sisi tutaomba ukurasa wa nne uondolewe na uandikwe upya, na yeyote mwenye istilahi bora ya matembezi haya atuletee kabla ya siku hiyo. Mzee naye tumemwalika. Amesema atakuja iwapo gari litamfuata mlangoni, na iwapo hakuna atakayezima taa.