Pensheni Isifanywe Kamba Shingoni mwa Mtumishi

Tangu Bunge lilipokifuta kifungu cha 2A cha Katiba ya zamani mnamo Desemba 1991, wengi wetu tumezoea kuupima uhuru kwa wingi wa vyama na kwa hesabu ya kura. Kipimo hicho ni kizuri, lakini hakitoshi. Mtumishi wa serikali anayerejea Komarock jioni kwa matatu ya Barabara ya Kangundo ana swali lake jingine: akiikataa amri haramu ya mkubwa wake, atazeeka akila nini?

Sheria ya Pensheni, Sura ya 189, inamjibu bila haya. Kifungu chake cha 5 kinatamka ya kwamba hakuna mtumishi aliye na haki kamili ya pensheni wala kiinua mgongo kwa kazi aliyokwisha kuifanya. Tena chasema ya kwamba Waziri akiridhika kuwa mtumishi ametenda uzembe au utovu wa nidhamu, malipo hayo yaweza kupunguzwa, au kuzuiliwa yote pia. Wasomaji wetu walitazame vyema neno hilo “akiridhika”. Anayeridhika ni Waziri, wala si hakimu aliyesikiliza pande zote mbili. Hii ni lugha ya enzi za ukoloni, ambapo pensheni ilihesabiwa kuwa zawadi ya mtawala kwa mtumishi mtiifu. Bendera ilibadilika mwaka 1963, na Katiba mpya ikaja mwaka 2010, lakini kifungu hicho hakikung’olewa.

Sisi twashikilia ya kwamba pensheni ni ujira uliowekwa akiba. Hesabu yake yenyewe yashuhudia. Katika mpango huo wa zamani, kila mwezi wa utumishi humpa mtu sehemu 1 kati ya 480 za mshahara wake wa mwaka wa mwisho. Aliyetumikia miaka 20 ana miezi 240, yaani pensheni iliyo nusu ya mshahara huo. Kitu kinachohesabiwa mwezi kwa mwezi kwa kadiri ya kazi hakiwezi kuitwa sadaka. Mahakama ya Juu ya India, nchi iliyorithi fikra hizo hizo za Mwingereza, iliamua mwaka 1971 ya kwamba pensheni ni mali ya mtumishi. Mwaka 2013 ikakariri ya kwamba serikali haiwezi kuizuia kwa sababu tu kesi ingali mahakamani, pasipo sheria inayoiruhusu kufanya hivyo.

Kwa nini jambo hili liwahusu wapigania mageuzi? Kwa sababu katika nchi yetu kupatikana na hatia hakujawa daima ushahidi wa uovu. Baada ya jaribio la mapinduzi la Agosti 1, 1982, Jeshi la Wanahewa lote lilivunjwa, na wanajeshi wake wakatiwa mbaroni kwa maelfu. Wengi wao waliachiliwa bila mashtaka yoyote, lakini kazi hawakurudishiwa. Hao walisimamiwa na kanuni za majeshi, si Sura ya 189, lakini roho ya sheria ni ile ile. Miongo kadha baadaye Mahakama Kuu iliwapa baadhi yao fidia kwa mateso na kifungo kisicho halali. Wenzao walikwisha kuzikwa. Katika msako wa Mwakenya uliopamba moto mwaka 1986, watu walitolewa vyumba vya chini vya Nyayo House, wakafikishwa mbele ya hakimu bila wakili, wakakiri, wakafungwa. Mtumishi aliyekiri namna hiyo alipoteza uhuru, kisha kazi, kisha na chakula cha uzeeni.

Tutaulizwa: je, mnataka mwizi wa mali ya umma ale pensheni kwa raha? La, hasha. Sheria ya Kupambana na Ufisadi ya mwaka 2003 inamtoza aliyepatikana na hatia faini ya ziada, mara 2 ya faida aliyojipatia au hasara aliyoisababisha, na kumdai fidia. Ibara ya 40 ya Katiba nayo haiilindi mali iliyopatikana kwa njia ya haramu. Basi alichoiba na kirudishwe chote, hata kama ni kwa kukata pensheni yake kwa amri ya mahakama. Lakini miaka 20 ya kazi halali haikuibwa. Kuichukua ni kumwadhibu mara ya pili, na kuwaadhibu pamoja naye mke na watoto ambao hawakushtakiwa.

Tena kuna hatari ambayo wengi hawaijui. Sheria hiyo ya 2003 inaagiza mtumishi aliyeshtakiwa kwa ufisadi asimamishwe kazi kwa nusu mshahara hadi kesi iishe. Huyo angali mfanyakazi. Mwingine hufutwa kabisa kabla kesi haijaamuliwa, naye hungoja hukumu akidhani ya kwamba akiachiliwa huru atarejeshewa kila kitu. Mwaka 2016 Mahakama ya Rufani iliamua ya kwamba miaka 3 ya kudai haki za kazi huanza kuhesabiwa siku mtu alipofutwa, wala si siku alipoachiliwa huru. Kesi za jinai hukokota miaka mingi. Anayengoja kusafishwa jina aweza kushinda kesi na kupoteza madai.

Kwa hiyo tunadai mambo matatu. Kwanza, kifungu cha 5 kiandikwe upya, kianze kwa kuitambua haki. Pili, pensheni isiguswe kabla ya hukumu ya mwisho, nayo mahakama pekee iwe na uwezo wa kuikata, tena kwa kadiri ya hasara iliyothibitishwa. Tatu, waliofutwa kwa sababu za kisiasa, au jamaa zao waliobaki, walipwe.

Tangu mwaka 2021 watumishi walio chini ya miaka 45 wakati huo wamo katika mpango mpya wa kuchangia, ambamo akiba ya kila mmoja ina akaunti yake. Hiyo ni hatua njema, lakini hailifuti deni la kizazi kilichotangulia.

Ndugu zetu makanisani wanajua namna mtume Yakobo alivyowakemea waliozuia ujira wa wavunaji. Tunawasihi wasiishie kwenye mchango wa Jumapili kwa jamaa ya aliyesimamishwa. Na wamkumbushe kutunza barua ya kuajiriwa, hati za mshahara na barua ya kusimamishwa. Ajibu kila shtaka kwa maandishi, akate rufani kwa Tume ya Utumishi wa Umma, na akifutwa, amwone wakili upesi. Kisha sote tuitumie Ibara ya 119, inayompa kila mtu haki ya kupeleka ombi Bungeni. Saini zianze kukusanywa hapa Komarock, na Kayole, na Umoja.