KIJANA, USINUNUE MUHURI WA BARAZA!

Ndugu msomaji, wewe kijana wa Ngara mjini, wa Biharamulo, wa stendi ya Nyakanazi, sikiliza. Umegombana na mkeo, mama mkwe kaja kachukua watoto, nawe umeapa: "Tutakutana mahakamani!" Kijiweni wenzako wanakupigia makofi. Nauli hawatakuchangia hata senti tano.

Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kifungu cha 101, iko wazi. Shauri la talaka haliendi mahakamani kabla Baraza la Usuluhishi wa Ndoa halijathibitisha kwamba limeshindwa kuwapatanisha. Pale wakili haruhusiwi. Ni wewe, mkeo na wazee. Kama mwenzako ametoroka na hajulikani aliko, hilo jambo jingine, sheria imelitazama.

Sasa wajanja wa mjini mnafanya nini? Mnataka muhuri tu! Mke hajaitwa, hajasikilizwa, hati imeandikwa kwa bei ya soda. Mwaka 2020 Mahakama ya Rufani, ikikaa Mtwara, ilifuta shauri zima la talaka pamoja na hukumu za mahakama za chini, kwa sababu lilifunguliwa bila hati halali ya Baraza. Miaka yote ile, bure! Nawe wa Ngara, ukitaka kupinga hukumu ya mahakama ya wilaya, unaifuata Mahakama Kuu Bukoba. Piga hesabu mwenyewe.

Wazee nao wasijifanye mahakimu. Baraza linapatanisha, kuvunja ndoa na kugawa migomba na mabati si kazi yake, ni ya mahakama. Na huko mahakamani usijidanganye kwamba nyumba ni yako peke yako eti wewe ndiye uliyenunua saruji. Tangu mwaka 1983, katika shauri la Bi. Hawa Mohamed, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba kupika, kulea na kutunza nyumba nako ni mchango katika mali ya ndoa. Kwa hiyo ni heri ukae na mama watoto mzungumze nani abaki na shamba, nani alipe ada ya shule. Mkielewana, andikeni, mahakama iwawekee amri.

Ila kama umempiga, usitulete kwenye habari za "yaishe nyumbani". Kifungu cha 66 cha sheria hiyo hiyo kinasema hakuna mwanandoa mwenye haki ya kumchapa mwenzake. Hilo ni la polisi.

Na Serikali je? Imeweka mlango huu kwa lazima, kila mwenye ndoa iliyoharibika apite hapo. Basi wajumbe wa kata wapewe sheria yenyewe mkononi, kwa Kiswahili. Wafundishwe kuandika hati isiyotupwa na hakimu. Walipwe posho, wasiishi kwa soda za wadaawa. Tunalidai hilo Rulenge na Nyakahura, siyo Dar es Salaam peke yake!